Shemeji Bila Ukoo

Hapa kijijini kwetu Bukundi, kando ya barabara, pana kibanda cha kuchajia simu. Juu ya bati lake pamewekwa sola, ndani mna meza ndefu iliyojaa nyaya, na nje liko benchi moja ambalo mbao zake nilizitoa mimi nilipobomoa banda langu la kuku. Kwa sababu hiyo najiona nina haki ya kulikalia. Jioni moja ya kiangazi cha mwaka 2024 nilikuwa nimekaa hapo nikisubiri simu yangu ijae, na vijana wapatao sita walikuwa wameinamia simu moja. Walipoona nimegeuza shingo, mwenye simu akaizima sauti. Ukimya ule naujua sana. Nimeishi nao miaka thelathini na mitano: ni ukimya wa darasa lililofanya jambo dakika moja kabla ya mwalimu kuingia.

Mmoja wao, ambaye baba yake nilimfundisha kusoma na kuandika, aliona heri kuuliza kuliko kukaa na aibu. “Shikamoo Mwalimu. Hivi Wahindi kwao hakuna mwiko?”

Nilimwitikia marahaba, na swali lake nikaliacha. Nilimwambia nitamjibu nikishaona kile alichokiona yeye. Katika kazi yangu yote niliwaambia wanafunzi kwamba haifai kukihukumu kitabu usichokisoma, na nisingeweza kuivunja kanuni yangu mwenyewe uzeeni kwa kuwa tu jambo lenyewe linatia haya. Kwa hiyo nilimwomba mjukuu wangu anitafutie, naye alinitazama kwa muda kabla ya kutii. Kwa jioni kadhaa nilitazama sehemu kama kumi za tamthilia hizo. Mama watoto aliniuliza naangalia nini kwenye kioo kidogo namna ile usiku. Nikamwambia ni utafiti. Alicheka mpaka akajifunika khanga usoni.

Ndugu msomaji, makala hii ndiyo jibu la swali la kijana yule. Imechukua muda mrefu kuliko nilivyodhani, kwa sababu katikati yake nilikutana na jambo langu mwenyewe.

Kwanza niseme nilichokiona. Ni tamthilia fupi fupi za Kihindi, kila sehemu chini ya saa moja, zinazotengenezwa kwa ajili ya simu na si kwa ajili ya televisheni wala jumba la sinema. Filamu ya sinema nchini India ni lazima ipite mbele ya bodi ya ukaguzi. Tamthilia za mtandaoni hazikupitia mlango huo, na makampuni mengi madogo yaliutumia mwanya. Kampuni ya Ullu ilianza mwaka 2018. Mwaka mmoja kabla yake, Balaji Telefilms ilikuwa imeanzisha ALTBalaji, ambayo mwaka 2018 ilitoa mfululizo wa visa vya vijijini ulioitwa Gandii Baat. Zinafika kwetu kwenye memori kadi na kwa kutumiana simu kwa simu, baadhi zikiwa zimefunikwa sauti ya kijana wa Kitanzania anayetafsiri huku akitia na maneno yake.

Watu wa tamthilia hizi ni wachache na hawabadiliki. Yuko mke wa kaka mkubwa, ambaye mumewe amesafiri kikazi. Yuko mdogo wa mume, aliyekuja kusoma mjini. Yuko baba mkwe mjane. Yuko mama wa kambo aliye kijana kuliko inavyofaa. Yuko mwalimu wa masomo ya ziada. Kila mmoja anatambulishwa kwa jina la undugu wake, na kutokana na jina hilo mtazamaji anajua tayari nani atamtamani nani. Mlango unafungwa, na baada ya hapo hakuna la kuhakiki.

Serikali ya India yenyewe ilichoka. Mwezi Machi 2024 iliyafungia majukwaa 18 ya aina hiyo, na katika maelezo yake ilitaja wazi kwamba yalionyesha mahusiano ya walimu na wanafunzi, na ya ndugu wa damu na wa ukoo. Julai 2025 ikafungia mengine 25, Ullu ikiwemo, na ile ALTBalaji ambayo wakati huo ilikwisha kubadili jina kuwa ALTT. Lakini mtu akifunga kisima kule Delhi, maji yaliyokwisha kuchotwa hayarudi. Yako kwenye simu za Bukundi hadi leo.

Sasa, mzee wa umri wangu angeweza kuishia hapa, akalaani, akapigiwa makofi kanisani. Sitafanya hivyo, kwa sababu mbili. Sababu ya kwanza ni kwamba mimi nililelewa na filamu za Kihindi. Nilipokuwa Chuo cha Ualimu Butimba, Mwanza, miaka ya 1970 na 1971, tulikuwa tukishuka mjini siku za mapumziko kwa ajili ya sinema. Hatukujua neno hata moja la Kihindi. Tulielewa kila kitu, kwa sababu kilichokuwa mbele yetu kilikuwa ukoo: bibi anayekohoa pembeni, deni la mkopeshaji, shamba lililokauka, harusi ya binti isiyo na fedha. Katika Mother India, iliyotoka mwaka 1957, Nargis anaigiza mama aliyewalea wanawe kwa njaa, kisha mwishoni anampiga risasi Birju, mtoto aliyempenda kuliko wote, kwa kuwa ametaka kumteka binti wa watu. Wavulana wazima wa Kisukuma tulitoka pale tumeinamisha vichwa. Tulikuwa tumemwona mama anayechagua heshima ya kijiji kizima dhidi ya tumbo lake mwenyewe, na hakuna aliyehitaji kututafsiria.

Mama huyo hakufa na sinema. Tamthilia ya televisheni ya Kyunki Saas Bhi Kabhi Bahu Thi, ambayo jina lake maana yake ni kwamba mama mkwe naye aliwahi kuwa mke wa mwana, ilionyeshwa kuanzia mwaka 2000 hadi 2008, na ndani yake Tulsi naye anampiga risasi mwanawe Ansh kwa kumtendea mkewe unyama. Waliotengeneza tamthilia hiyo ni Balaji Telefilms, wale wale ambao baadaye walituletea Gandii Baat. Mwenye duka ni mmoja. Mbele ameweka mama mtakatifu, na nyuma, kwa wenye kuingia kimya kimya, ameweka shemeji. Nilipoligundua hilo nilianza kujiuliza kama bidhaa hizo mbili si pande mbili za kitambaa kimoja. Panapohubiriwa kila jioni kwamba mke wa kaka ni kama mama, hapo hapo patatokea mtu wa kutaka kuuza kinyume chake.

Maana katika Uhindi mke wa kaka mkubwa, ambaye wao humwita bhabhi, ana uzito wa pekee. Katika Ramayana, Sita anapotekwa, anadondosha mapambo yake njiani ili apatikane. Mapambo yanapoletwa, Lakshmana, mdogo wa mumewe, hawezi kuzitambua hereni wala bangili za shemeji yake. Anazitambua njuga za miguuni peke yake, kwa kuwa kila siku alikuwa akiinama miguuni pake kumwamkia, na hakupata kuinua macho. Huo ndio mpaka uliowekwa. Na sheria ya leo imeufuata: Sheria ya Ndoa ya Wahindu ya mwaka 1955 inamhesabu aliyekuwa mke wa kaka miongoni mwa watu ambao mtu haruhusiwi kuwaoa, isipokuwa pale mila ya mahali inaporuhusu. Shika maneno hayo ya mwisho, msomaji, tutayarudia.

Mpaka ulipo, waandishi wazuri huenda kusimama karibu yake. Rabindranath Tagore aliandika mwaka 1901 hadithi iitwayo Nastanirh, na Satyajit Ray akaifanya filamu mwaka 1964 kwa jina la Charulata. Mume ana gazeti, hana wakati. Mke ana akili, hana kazi. Anakuja Amal, binamu wa mume, mpenda mashairi, na kwa hesabu ya undugu wao ni mdogo wa mume. Filamu nzima hakuna hata busu. Kinachotokea ni kwamba wanaandika, mmoja anasoma maandishi ya mwenzake, na mwanamke anagundua kuwa ameanza kuishi. Amal anaondoka. Mume anakuja kujua kwa kuyasikia machozi ya mkewe. Mwisho wake mikono ya mume na mke inanyooshwa kuelekeana, na picha inagandishwa kabla haijagusana. Niliiona filamu hiyo uzeeni kwa simu ile ile iliyonionyesha uchafu wa Ullu, na nilikaa nje mpaka umande ukaanguka.

Sababu ya pili ya kutolaani ni hii: vijana wale wa kibandani hawakuwa wakiiona tamthilia wanayoiona Wahindi. Nilikaa nao baadaye jioni mbili, kwa idhini yao, nikawaangalia wao kuliko kioo. Katika visa vya mke wa kaka na mdogo wa mume walicheka tu. Walitaniana, wakapigana mabega, kama watu wanaotazama vichekesho. Kilipokuja kisa cha baba mkwe na mke wa mwanawe, kicheko kilikatika. Mmoja alisema, “Hapana, hii ruka.” Wakairuka.

Nilirudi nyumbani nikifikiri juu ya neno la mtafsiri. Bhabhi yeye ameligeuza kuwa shemeji. Mdogo wa mume, ambaye kwa Kihindi ana jina lake mwenyewe, naye amekuwa shemeji. Sasa wawili wanaitana shemeji, shemeji, na kwa Kiswahili hakuna kosa. Lakini shemeji wetu ni nani? Ni mtani. Ndiye unayeruhusiwa kumwambia umenenepa, ndiye anayekuita mume wake mdogo mbele ya mume wake mkubwa na wote mkacheka. Sisi Wasukuma mtu tunayemkwepa kwa heshima ni mkwe. Kijana wa kale akimwona mama mkwe anakuja njiani aliingia porini ampishe. Hakula naye sahani moja, hakumtaja jina. Ukoo wetu uliuweka ukuta wake kwa mkwe, na kwa shemeji ukaweka mlango, kwa kuwa ulijua siku moja mlango huo unaweza kuhitajika: mume akifa, mdogo wake alitazamiwa kumrithi mjane ili watoto wasitawanyike.

Na sheria ya nchi yetu, kama ilivyotungwa mwaka 1971, inakwenda karibu na ramani hiyo hiyo. Kifungu cha 14 cha Sheria ya Ndoa kinamkataza mtu kuoa mzazi au mtoto wa aliyekuwa mwenzi wake. Kinamkataza kuoa aliyekuwa mke wa baba yake au wa mwanawe. Kuhusu mjane wa kaka, kimenyamaza. Kwa hiyo tamthilia ile inapovuka bahari inakwenda na jina tu. Mwiko umebaki bandarini. Kijana wa Bukundi anacheka pale ambapo kijana wa Lucknow anatetemeka, kisha anauliza kama Wahindi hawana mwiko, kwa sababu ya kisa cha baba mkwe ambacho kimemgonga kwenye ukuta wake mwenyewe.

Hapa ndipo nilipokutana na jambo langu.

Kaka yangu, tuliyenyonya ziwa moja, alinipita miaka sita. Nilipokuwa Butimba nilifikia kwake likizo zote, kwa kuwa wazazi walikwisha kuwa wazee na mji ulikuwa mkononi mwake. Mkewe alikuwa rika langu. Alikuwa na maneno ya haraka na kicheko cha chini, na alikuwa na desturi ya kuniuliza nilichojifunza, jambo ambalo hakuna mtu mwingine pale nyumbani aliyeniuliza. Nilimfundisha kusoma saa kwa kutumia saa ya kaka. Tulitaniana kama mashemeji wanavyotaniana, mchana, mbele za watu wote, na hakuna aliyeona neno. Kwa kweli neno lilikuwepo, na lilikuwa kwangu mimi tu. Likizo ya mwisho nilijua kwamba utani ule mimi siutanii. Nilioa mwaka uliofuata, nikapangiwa shule ya mbali, na nikashukuru kwa umbali huo.

Kaka alifariki mwaka 1983, wakati wa kuvuna pamba. Aliacha mjane na watoto wanne. Baada ya matanga wazee walikaa chini ya mti, wakasema mambo ya mji, kisha mmoja akanitazama. Jina langu lilikuwa limekwisha kutajwa kabla sijafika. Nilisimama. Nilikuwa mwalimu mkuu wa miaka thelathini na mitatu, nimevaa suruali iliyopigwa pasi, na nilitoa hotuba. Niliitaja Sheria ya Ndoa ya 1971. Niliutaja kwa namba kifungu cha 68, kisemacho kwamba mjane yuko huru kuishi apendapo na kuolewa na amtakaye au kutoolewa kabisa, hata kama mila inasema vingine. Nilitaja imani. Nilimtaja mke wangu. Wazee walinyamaza, mmoja akasema elimu imefika, na kikao kikavunjika.

Yote niliyosema yalikuwa kweli, na hakuna hata moja lililokuwa sababu. Nilikataa kwa kuwa mila ilikuwa inanipa kwa mkono wake kitu ambacho nilikwisha kukitaka kaka yangu akiwa hai. Niliogopa kwamba nikimchukua, sitajua tena kama nililia kaburini kwa ajili ya kaka au kwa kujificha.

Mjane alirudi kwao na mtoto mdogo. Watatu walibaki kwetu, nami niliwasomesha. Mwaka 1996, katika harusi ya mmoja wa watoto hao, nilimkuta amekaa jikoni kwenye kigoda akichambua mchele. Tulisalimiana. Akasema bila kuinua macho, “Siku ile ulisema vizuri sana, shemeji. Ila hukuniuliza.”

Alifariki mwaka 2009. Sikuwahi kumjibu.

Nimeyasema haya kwa sababu bila hayo uhakiki wangu ungekuwa wa juu juu. Nilipoirudia tamthilia ya simu nikiwa na maneno yale ya jikoni masikioni, niliuona upungufu wake ulipo. Wengi husema kosa lake ni kuonyesha tamaa ndani ya ukoo. Kama ni kosa, basi Tagore ana kosa, na wahenga waliotunga hadithi za fisi na mke wa kaka wana kosa. Tamaa hiyo ipo. Imekuwepo katika nyumba za watu wema, imelala kimya, imekufa bila kutajwa. Upungufu wa tamthilia hizi ni kwamba zimechukua majina ya ukoo zikaufukuza ukoo wenyewe. Nyumba iko tupu. Hakuna mtoto anayelia chumba cha pili. Hakuna bibi asiyelala. Mume anayesafiri harudi akiwa mtu. Anarudi akiwa kizuizi. Na asubuhi haifiki kamwe: hakuna siku wawili hao wanapokaa kwenye chakula kimoja na mtu wa tatu wanayempenda wote. Ondoa watu hao, na jina shemeji ni bango tu la dukani.

Linganisha na Rajinder Singh Bedi, aliyeandika kwa Kiurdu mwaka 1962 riwaya fupi ya Ek Chadar Maili Si, iliyofanywa filamu nchini India mwaka 1986. Rano ni mke wa dereva wa gari la farasi katika kijiji cha Punjab. Mume anauawa. Kijiji kinaamua kwamba Mangal, mdogo wa mume, amfunike mjane shuka, na hiyo ndiyo ndoa. Hapa ndipo yanapoingia yale maneno ya sheria ya 1955 kuhusu mila ya mahali. Lakini Mangal amelelewa na Rano kama mwanawe. Anakimbia, anapigwa, anaburutwa mpaka chini ya shuka. Hapo mila na mwiko vimegongana ndani ya watu wawili, na kijiji kizima kimesimama kinatazama, kila mmoja akiwa na hoja yake nzuri. Msukuma yeyote akisoma kitabu hicho atayatambua hata mahali pa kukalia wazee. Nami nilipokisoma niliona kwamba Bedi amefanya kile ambacho mimi sikukifanya chini ya mti: amekwenda jikoni kumwuliza mwanamke.

Haki inanitaka niseme kwamba hata kwenye mtandao hawako sawa wote. Mirzapur, iliyoanza mwaka 2018, ina damu nyingi kupita kiasi kwa mzee kama mimi. Lakini ndani yake baba mkwe anapomlazimisha Beena, mke wa mwanawe, tamthilia haijifanyi kwamba hayo ni mapenzi. Inaonyesha mzee anayetumia cheo chake cha ukoo kama fimbo, na katika msimu wa pili, mwaka 2020, Beena anamuua. Vijana wangu walioruka kisa cha baba mkwe kwenye tamthilia nyingine, hiki hawakukiruka. Walikitazama kimya mpaka mwisho. Nadhani waliona kwamba hapa mtungaji naye anaujua ukuta.

Je, tupige marufuku? Nina uzoefu mdogo na marufuku. Riwaya ya Rosa Mistika ya Euphrase Kezilahabi ilipotoka mwaka 1971 iliambiwa haifai mashuleni, kwa kuwa ilisema waziwazi jinsi binti anavyoharibika, na miongoni mwa waliomharibu walikuwemo watu wa elimu. Sisi vijana wa ualimu tuliisoma kwa kupokezana, kurasa zimekwisha kulegea. Baadaye miaka ikapita, marufuku ikaondolewa, na kitabu kile kile kikafundishwa mashuleni. Kezilahabi aliandika tamaa, lakini Rosa ana baba, ana mama, ana wadogo zake na kijiji cha Ukerewe mgongoni, na kila anachofanya kinawafikia hao. Ndiyo maana kitabu kimedumu. Ningewaachia vijana kitabu kama hicho, na simu nisingewanyang'anya. Ningewafundisha kuuliza, kila wanapotazama, wako wapi wengine wa nyumba hii.

Basi nilirudi kibandani. Yule kijana alikuwepo, amesahau kabisa kwamba aliniuliza swali. Nilimwambia Wahindi wana mwiko, tena mkali kuliko wetu kwa upande wa shemeji, na nikamsimulia habari za Lakshmana na njuga za miguuni. Alisikiliza. Kisha akauliza swali ambalo sikulitarajia: kwamba yule Sita, alipoambiwa shemeji yake hajawahi kumtazama usoni miaka yote ile, alisemaje?

Nikamwambia hilo sikumbuki kulisoma popote. Mwenye kibanda akanipa simu yangu, ilikuwa imejaa. Nililipa, nikaenda zangu.